Dakika Kumi Barazani

Ndugu zangu wa Mbulu na Hanang, sijaja na daftari la michango. Ninachoomba ni dakika kumi za kila mmoja wenu, siku mvua nzito itakapowakuta mjini: Katesh kando ya lami iendayo Singida, Mbulu mjini, Haydom, Dongobesh, Basotu, popote palipo na duka lenye baraza. Msikimbilie ndani. Simameni chini ya mabati ya mtu yeyote ambaye hatawafukuza, mtazame barabara.

Nasema barabara, sisemi mawingu. Mawingu tumeshayatazama hadi shingo zikakakamaa. Kila mkulima wa huku ni bingwa wa mawingu. Anajua lipi limebeba maji na lipi linapita tu kwenda kunyesha kwa wenzetu. Dalili ya mvua ni mawingu, tuliambiwa, nasi tukaishia kwenye dalili. Mvua yenyewe ikishatua chini, kila mtu ana haraka yake: anua nguo, funika mahindi, ingiza ndama, kunja suruali, tafuta mfuko wa kuifunika simu. Ni haraka zenye maana, sizidharau. Lakini mtu anaweza kuishi miaka sitini chini ya mlima unaovuta mvua na asiwahi kuitazama mvua ikifika.

Mimi nilijifunza kwa kukwama. Ilikuwa jioni ya mwezi wa pili, pale Katesh, nikisubiri gari la kwenda Babati. Mvua ikateremka ghafla kutoka upande wa mlima, ile ya matone makubwa yanayopiga mabati mpaka watu wanaacha kusemeshana. Tulijibanza watu saba hivi kwenye baraza la duka la vifaa vya ujenzi. Alikuwapo mama mwenye ndoo ya vitunguu saumu, kijana wa bodaboda aliyeegesha pikipiki yake ukingoni mwa baraza, wanafunzi wawili, na bibi mmoja wa Kibarbaig aliyejifunika shuka, fimbo mkononi. Simu yangu ilikuwa imeisha chaji. Nikabaki sina cha kutazama ila lami.

Lami ile mchana haina lolote. Ni ya kijivu, ina vumbi, ina kinyesi cha ng'ombe waliopitishwa kwenda mnadani. Ilipolowa ikawa nyeusi kama chungu kilichopakwa mafuta, na kila kilichokuwa juu yake kikapata pacha chini. Likapita lori kuelekea Singida. Taa zake za nyuma hazikubaki kwenye lori. Zilishuka zikalala barabarani, mistari miwili mirefu, myekundu, inayotetemeka, ikikatikakatika kila lilipoangukia tone, kisha ikiungana tena. Taa ya kijani ya duka la dawa ikaja kutoka ng'ambo, ikakutana na wekundu ule mahali ambapo hapakuwa na kitu chochote zaidi ya maji ya kina cha ukucha.

Mbele yetu lami ilikuwa imetitia, pakawa na kidimbwi. Kila tone lilichora duara. Duara likapanuka, likakutana na duara la jirani, likapita katikati yake bila kugombana, na kila moja likaendelea na safari yake kana kwamba halikuguswa. Kisha pikipiki ya yule kijana ikadondosha oili. Tone moja tu. Likatanda juu ya maji: zambarau, kijani, dhahabu, mfano wa shingo ya njiwa. Mwalimu wa fizikia atakuambia kwamba oili haina rangi hizo. Ule utando ni mwembamba kuliko sehemu ya elfu moja ya milimita. Mwanga mwingine unarudi kutoka juu yake, mwingine kutoka chini yake, na miale hiyo ikikutana baadhi ya rangi zinatiana nguvu na nyingine zinafutana. Unene ukibadilika, rangi nayo inabadilika. (Pikipiki inayovuja oili ipelekwe kwa fundi, najua. Hata mwenyewe nilimwambia.)

Kijana akaniona nimeinama.

"Mzee, umedondosha hela?"

"Sijadondosha kitu. Natazama maji."

Akatazama kidimbwi, akanitazama mimi, akatazama tena kidimbwi. Sasa tulikuwa wawili. Wanafunzi wakasogea, kwa kuwa mtoto hawezi kuona watu wawili wameinama akakaa mbali. Yule bibi hakuinama. Alinyoosha fimbo yake kuelekea maduara yale, akasema neno moja: "Yanashona."

Neno hilo nimekaa nalo tangu siku hiyo. Bibi yule anatoka katika watu ambao wanawake wao walioolewa huvaa hanang'weend, sketi ya ngozi yenye vipande vyembamba vinavyoning'inia na kucheza mvaaji anapotembea. Jirani zao Wairaqw nao walikuwa na sketi za ngozi zilizoshonewa shanga, mistari juu ya mistari, kazi ya miezi mingi ya vidole vya wasichana. Sijapata kusikia mtu akiitazama sketi ile akauliza: hii ni picha ya nini? Si picha ya kitu. Ni uzuri uliokaa peke yake.

Wenye vitabu huuita uzuri wa dhahania, na neno hilo limewatisha wengi wakadhani ni mambo ya majumba ya sanaa ya Ulaya. Hebu nendeni mnadani mkachague kitenge. Humuulizi muuzaji kile kiduara cha bluu ni tunda au ni gurudumu. Unakinyoosha, unakirudisha mbali na macho, unakiweka begani, unasema "hiki" au unasema "hapana." Basi umeshahukumu sanaa ya dhahania, tena kwa fedha yako mwenyewe, jambo ambalo wahakiki wengi hawathubutu. Wachongaji wa Kimakonde wana mtindo wa mpingo walioupa jina la mawingu. Vinyago vyake havina pua wala mikono, ni mizunguko na matundu yanayopishana, na watu wanavielewa kwa macho kabla ya kuvieleza kwa mdomo. Na hapo Kondoa, mwendo mfupi kusini mwetu, kuna miamba yenye michoro ya kale iliyoingizwa na UNESCO katika urithi wa dunia mwaka 2006. Wengi huenda kutazama wanyama na watu warefu waliochorwa kwa rangi nyekundu. Lakini ipo pia michoro ambayo ni mistari na maumbo tu. Wenyeji wa maeneo hayo wameendelea kufanya matambiko ya kuomba mvua kwenye baadhi ya miamba hiyo. Michoro na mvua, mahali pamoja. Mimi hilo linanitosha kulifikiria kwa mwezi mzima.

Sasa nifike pagumu, maana najua kuna msomaji wa Katesh ambaye ameshaanza kunikunjia uso.

Jumapili ya tarehe 3 Desemba 2023, alfajiri, baada ya mvua kubwa, sehemu ya Mlima Hanang ilimeguka. Wataalamu wa jiolojia waliochunguza walieleza kuwa haikuwa volkano wala tetemeko la ardhi: upande wa mlima wenye miamba dhaifu ulifyonza maji mpaka ukashindwa kujibeba, ukaporomoka, na tope likafuata Mto Jorodom likizoa mawe na magogo hadi mjini Katesh na vijijini kama Gendabi. Watu zaidi ya 80 walikufa. Barabara ninayowaomba mkaitazame ndiyo hiyo hiyo iliyofunikwa na tope lile.

Simwombi mtu aliyezika mwanawe aipende mvua. Nitakuwa na uso gani? Nawajua watu ambao tangu siku ile, wingu likitanda jioni, hulala na viatu miguuni. Namjua mama ambaye hawezi kustahimili harufu ya udongo uliolowa, harufu ambayo sisi wengine tunaivuta kwa raha mvua ya kwanza ikigusa vumbi. Kwa watu hawa, barua yangu hii haina dai lolote. Wakiamua kubaki ndani na kufunga pazia, wafunge. Atakayesimama barazani asimame pia kwa niaba yao.

Ila wengi wetu tuliobaki tumeirithi hofu ile bila kuirithi elimu yake. Na hofu, nimeichunguza hata ndani yangu, haina macho. Hofu husikiliza tu. Inakaa kitandani gizani ikihesabu kishindo cha mabati, na kila kishindo kwake ni kile kile. Mtu anayetazama ndiye anayejua kwamba mvua za mtaani kwake ni kumi tofauti: hii ya rasharasha isiyolowesha hata chini ya mti, hii inayokuja kwa ubavu ikilowesha ukuta mmoja, hii ya mawe. Anajua maji ya mtaro wake huwa na rangi gani baada ya nusu saa, na huwa yanafika wapi. Kwa hiyo yakibadilika, anashtuka mapema kuliko jirani. Maji yakigeuka mazito ghafla kama uji wa ulezi, yakaanza kuleta mizizi na vipande vya magogo, au mto ukanywea wakati mvua bado inanyesha, maana yake huenda kuna kitu kimeziba huko juu na kinakusanya nguvu. Hapo si pa kutazama tena. Hapo ni kuamsha majirani na kukimbilia pembeni, mahali pa juu, mbali na mkondo, bila kurudi kuchukua godoro.

Nisieleweke vibaya. Sisemi tutazame uzuri kwa sababu una faida, kama dawa chungu iliyopakwa asali. Uzuri wa yale maduara ungekuwa uzuri hata kama Katesh ingekuwa tambarare isiyo na mlima. Ninachosema ni kwamba hakuna mtu mwenye akili timamu atakayekaa dakika kumi akitazama mtaro kwa sababu ameagizwa na mtendaji wa kata. Atatazama dakika moja, atajaza fomu, ataondoka. Uzuri ndio unaotushika mkono tukabaki. Na tukibaki, tunaona mengine.

Jioni ile, kwa mfano, tulipokuwa tumeinama, mmoja wa wale wanafunzi ndiye aliyeona kwamba michirizi yote ya upande wetu ilikuwa inapinda mahali pamoja. Ilikuja imenyooka, imesokotana kama kamba za katani, halafu ikifika pale ikajikunja upinde mzuri sana na kuivamia barabara. Tukasogea kuangalia. Kalavati lilikuwa limezibwa na chupa za plastiki, gunia la saruji na ganda la muwa. Upinde ule uliotupendeza ulikuwa umechorwa na taka zetu. Kijana wa bodaboda akaenda, akalivuta lile gunia kwa mguu, na upinde ukafutika mbele ya macho yetu, maji yakaingia chini kwa sauti ya mtu anayemeza. Mwanafunzi akasikitika kidogo. "Ulikuwa umependeza," akasema. Nami nilisikitika, nakiri.

Mkitaka kujua maji hayo ni mengi kiasi gani, hesabu yake haina ugumu. Milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ni lita moja ya maji. Paa la duka la mita 10 kwa 10 likipokea milimita 20 katika mvua moja, hizo ni lita 2,000, yaani ndoo 100 za lita 20, zote zimeshuka mbele ya mlango mmoja. Zidisheni kwa maduka ya mtaa mzima, halafu mwangalie upana wa mtaro. TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini, wana wajibu wao katika mitaro, na tuwadai. Lakini hawakula wao ule muwa.

Wala kusoma maji si elimu ngeni kwetu. Kule Irqwar Da'aw, nyanda za juu za Kainam zinazotajwa kuwa kitovu cha Wairaqw, watu walilima miteremko mikali kwa vizazi vingi bila udongo kuwakimbia. Walifuga ng'ombe ndani wapate samadi, wakapanga matuta kuukinga mteremko, wakachimba mifereji ya kukausha mabonde. Mwanajiografia wa Sweden, Lowe Börjeson, aliandika kitabu kizima juu ya kilimo hicho mwaka 2004. Ukisimama ng'ambo asubuhi ukungu unapoinuka, mashamba yale ni kitenge kilichotandazwa: mstari wa kijani, mstari wa kahawia, mstari uliopinda kufuata bonde. Hakuna aliyekaa chini akachora ule mpangilio. Mkono wa mkulima ulifuata maji, na maji hufuata mkondo, basi yakatokea mapambo. Inanishangaza kwamba wajukuu wa watu hao, tukishahamia mjini, tunamwaga maji machafu mlangoni kwa jirani.

Nimesema sana juu ya Katesh. Mbulu mvua ina tabia nyingine, na wa Mbulu wataniambia ni bora. Sibishani nao, wananizidi kwa baridi. Kule juu ya bonde la ufa mara nyingi mvua haianguki, inakaa. Inakuja kama ukungu, inalowesha bila kupiga, na mji unapoteza kingo zake. Mnara wa simu unakatika kiunoni. Mtu aliyevaa koti la mvua la njano anatokea, anakuwa doa la njano, doa linakuwa kubwa, ghafla linasema "Shikamoo." Barabara za udongo mwekundu zinang'aa, na magurudumu ya bajaji yanaacha michoro ya misuko mitatu mitatu, ambayo maji yanaijaza polepole hadi kila mfereji unabeba kipande chake cha anga jeupe. Dereva aliyekwama mlima Magara hatakuwa na hamu ya kuisoma michoro hiyo, na namwelewa. Aliyefika salama aisome kwa niaba yake.

Kwa Kiiraqw mvua ni *tluway*. Mnaoijua lugha hiyo mnajua ile *tl* ya mwanzo haitamkwi kama inavyosomeka kwa Kiswahili. Inapasuka pembeni mwa ulimi. Nimeisikiliza mara nyingi na sauti yake kwangu ni tone la kwanza kwenye bati. Huenda ni masikio yangu tu. Lakini fikirini utajiri tulio nao. Wanaisimu husafiri kutoka mbali kuja sehemu hii ya Tanzania kwa kuwa hapa, katika eneo la siku chache za kutembea, wanakutana Wairaqw wenye lugha ya Kikushi, Wadatoga wenye lugha ya Kiniloti, Wanyaturu na Wanyiramba wenye lugha za Kibantu, na Wahadzabe wa Yaeda ambao lugha yao ina vidoko na haina ndugu anayejulikana kwa hakika. Kila moja ina maneno yake ya mvua. Tuna maneno ya manyunyu, ya mvua ya jua, ya maji yanayosimama na ya maji yanayochuruzika kwenye paa, na watoto wetu wa mjini wanajua "mvua kubwa" na "mvua ndogo."

Kwa hiyo ombi langu la pili linawahusu walimu. Siku ya mvua, somo moja lihamie barazani. Radi ikipiga rudini ndani, na mtoto asikanyage maji yanayokimbia hata kama yanaonekana ya kifundo cha mguu. Maji ya kasi hayaulizi umri. Lakini radi isipokuwapo, wapeni karatasi na penseli, muwakataze jambo moja tu: wasichore nyumba, mti wala mtu. Wachore kile maji yalichokifanya. Mtaletewa mistari, madoa, maduara, kurasa zilizokwaruzwa hadi zikatoboka. Msiulize "hiki ni nini?" Ulizeni "ulikuwa umesimama wapi?" Mtoto huyo huyo akienda nyumbani amuulize bibi au babu neno moja la mvua katika lugha ya nyumbani, aliandike nyuma ya karatasi.

Wenye darasa la sayansi, ninawapa jaribio la mkulima mwenzenu. Wilson Bentley wa Vermont, Marekani, anafahamika kwa picha zaidi ya 5,000 za chembe za theluji alizopiga maisha yake yote. Wachache wanakumbuka kwamba mvua ikinyesha alikuwa akitoka nje na sinia la unga uliochekechwa. Aliufunua unga kwa sekunde chache, kila tone likaingia na kufinyanga donge lake, madonge yakakauka, naye akayapima. Matokeo yake aliyachapisha mwaka 1904. Unga wa ngano hatujapungukiwa, Basotu na mashamba yake ya ngano ipo. Chukueni sinia moja, funueni, hesabuni hadi tatu, funikeni. Mtaona matone si sawa hata kidogo, na mtajifunza kwamba tone halina ile sura ya chozi inayochorwa vitabuni. Tone dogo ni mviringo. Kubwa linabonyea chini kama andazi lililokaliwa, na likizidi milimita 6 hivi linapasuka njiani. Ushauri wangu wa dhati: msichukue unga wa nyumbani kabla ya kumwomba mama.

Wenyeviti wa mitaa na vitongoji, nanyi sijawasahau. Ukuta wa ofisi ya kata una matangazo ya mwaka juzi. Yabandueni, mtundike michoro ya watoto hao kwa mwezi mmoja wa msimu wa mvua, kila mmoja na jina la mahali ulipochorwa: mbele ya stendi, nyuma ya soko, kona ya kanisa, njia ya msikitini. Halafu siku ya mkutano simameni mbele ya ukuta huo kabla ya kufungua ajenda. Nina hakika mzee mmoja atanyoosha kidole kwenye mchoro fulani na kusema, "Zamani maji hayakupita hapa." Mpeni kiti, mwandike anachosema. Anaweza kuwa amewaokolea mtaa.

Na nyinyi vijana wa bodaboda, ambao mvua inawakuta barabarani kuliko mtu mwingine yeyote: mnazo simu zenye kamera, na mnazo saa nyingi za kukaa chini ya mabati mkisubiri abiria wasiokuja. Najua mvua kwenu ni siku bila hesabu, na bosi wa pikipiki hapokei picha badala ya hela. Sina jibu la hilo. Ila muda huo mnaupoteza hata hivyo. Inamisheni kamera chini. Msipige sura za watu waliolowa. Hakuna anayependa kuonekana hivyo. Pigeni maji.

Yule kijana wa Katesh nilimwachia namba yangu, mvua ilipokatika na gari langu likaja likiwa limejaa. Sikutegemea kitu. Juzi usiku, mvua ikiwa inanyesha huko kwao na huku kwangu kukiwa kukavu, simu ikalia. Ametuma picha. Ni giza, mstari mmoja mwekundu unaokatika mara tatu, na kwenye pembe duara moja la kijani ambalo halijamaliza kupanuka. Hakuandika neno. Nimeigeuza simu huku na huku, nimempa mke wangu naye akaigeuza, na hadi sasa hatujakubaliana upande wa juu ni upi.